Kasha la Mama: Machozi, Kumbukumbu na Haki

Twamhimidi Mwenyezi Mungu (S.W.), Mpaji wa uhai na Mwenye kuuchukua, na twamsalia Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake. 

Juma lililopita, baada ya darsa ya alasiri, mama mmoja alituletea suali kwa sauti ya chini. Mwanawe amefariki, na mwaka umeshapita. Nguo zote za kijana amezitoa sadaka isipokuwa kanzu moja, ambayo hakuifua wala hakumpa mtu. Jirani yake amemwambia kuwa mwenye kuweka nguo ya maiti humkosesha maiti raha kaburini. Mama yule hakuuliza kwa ubishi. Aliuliza kwa hofu, kwa kuwa hakuna mzazi atakaye kumuudhi mwanawe aliye mchangani. Tulimjibu pale pale kwamba neno hilo halina asili katika Qur'ani wala katika Sunna, na kwamba kanzu ile ni kitambaa, haimfungi wala haimfungui aliyekwenda. Alishukuru akaenda zake. Nasi tukaona kuwa suali lake ni la watu wengi, na kwamba linastahiki jibu refu kuliko lile la kusimama mlangoni.

Tunaandika kama walimu, na tunaandika pia kama watoto waliofiwa. Mama yetu alitangulia mbele ya haki mwezi wa Rajabu, miaka mitatu iliyopita, katika nyumba yetu ya Mji wa Kale hapa Mombasa. Alituacha watoto watano: wanaume watatu na wanawake wawili. Baba alikuwa amemtangulia kwa miaka mingi. Mengi tutakayoyasema hapa tulikuwa tumeyasoma tangu tungali chuoni, tukiwa tumekaa juu ya mkeka mbele ya mwalimu. Lakini kuyasoma ni jambo moja, na kuyapitia ni jingine.

Tuanze na machozi, kwa kuwa ndiyo ya kwanza kufika. Wapo miongoni mwetu wanaodhani kuwa subira ni jicho kavu. Mwanamke akilia, huambiwa anyamaze, asimghadhibishe Mola wake. Mtume wetu (S.A.W.) alifiwa na mwanawe Ibrahim, mtoto wa Bi Mariya, akiwa bado mchanga, mwaka wa 10 Hijria. Alimpakata mtoto yule katika pumzi zake za mwisho, na macho yake yakatiririka machozi. Abdurrahman bin Auf (R.A.) alistaajabu kumuona akilia, naye akamfahamisha kuwa hiyo ni rehema. Kilichokatazwa ni kuomboleza kwa mayowe, kujipiga mashavu, kuchana nguo na kutamka maneno ya kumlaumu Mola. Baina ya machozi na mayowe ya kijahiliya kuna mpaka ulio wazi, na aliye upande huu wa mpaka asitishwe na mtu.

Sheria pia imeweka muda. Kwa jamaa wa kawaida, kujizuia na mapambo kwa ajili ya msiba ni siku tatu, ndiyo maana wazee wetu wakianua matanga siku ya tatu. Kwa mjane, eda ni miezi minne na siku kumi, na akiwa mjamzito eda yake humalizika kwa kujifungua. Lakini tuelewe vyema: muda huo ni wa mavazi, manukato na kukaa nyumbani. Moyo haukuwekewa kalenda. Nabii Yaaqub (A.S.) alihuzunika kwa miaka mingi hata macho yake yakafifia, na hakuna aliyesema kuwa amepungukiwa na imani, kwa kuwa mashitaka yake aliyapeleka kwa Mola wake peke yake.

Na katika kisa hicho hicho cha Nabii Yusuf (A.S.) mna fundisho kuhusu nguo. Kanzu imetajwa humo katika matukio matatu. Ya kwanza ililetwa kwa Yaaqub ikiwa na damu ya uongo. Ya pili ilichanwa kwa nyuma, nayo ikawa ushahidi wa kumtoa Yusuf katika tuhuma. Ya tatu ilibebwa kutoka Misri, na kabla haijafika, baba mtu akainusa harufu ya mwanawe kutoka mbali. Ikawekwa usoni mwake, na macho yakarudi kuona. Kama Mwenyezi Mungu ameitukuza harufu ya mtoto iliyobakia katika nguo, akaitaja katika Kitabu kisomwacho hadi Kiyama, basi sisi ni nani hata tumcheke mama aliyeficha kanzu ya mwanawe chini ya mto?

Sasa tuje kwa mama yetu. Alikuwa na kasha la mbao lenye misumari ya shaba, aliloolewa nalo. Funguo yake ilikaa katika pindo la leso yake kwa muda wote tuliomjua. Baada ya matanga, tulikaa wanne kati yetu chumbani mwake, na wa tano, ndugu yetu aliyeko Muscat, akawa nasi kwa simu. Mdogo wetu wa mwisho, ambaye ndiye aliyemuuguza mama, alifungua. Harufu iliyotoka ilitunyamazisha sote: udi, karafuu, na asumini iliyokauka ya vikuba vya harusi zilizopita zamani.

Ndani mlikuwa na doti ya kisutu ambayo haikuwahi kuvaliwa zaidi ya mara chache, msahafu wenye karatasi za manjano, tasbihi iliyopungua punje moja, chetezo cha udongo chenye ufa, mrashi wa fedha, mkufu mmoja wa dhahabu na kipini cha pua. Chini kabisa palikuwa na daftari la shule. Mama hakusoma skuli. Alisoma chuoni tu, na Kiswahili chake alikiandika kwa herufi za Kiarabu, kama walivyofanya wanawake wengi wa rika lake katika pwani hii. Tukalisoma daftari lile ukurasa kwa ukurasa. Lilikuwa na hesabu za mchezo wa akina mama, ule wa kuchanga na kupeana zamu, na majina ya waliomkopa nguvu za nazi na sukari. Ukurasa wa mwisho ulisema kuwa anadaiwa na jirani yake shilingi 1,500, na kwamba anadaiwa pia siku nne za Ramadhani alizoshindwa kufunga alipokuwa mgonjwa.

Hapo ndipo kumbukumbu ilipotufundisha kazi. Aliyekufa hutolewa kwanza gharama za maziko, kisha madeni yake, kisha wasia wake usiozidi thuluthi ya mali, na kinachobaki ndicho mirathi. Jioni ile ile tulimpelekea jirani haki yake, na siku zile nne tukazitolea fidia ya chakula. Jirani alikataa kuipokea fedha, akisema amesamehe tangu zamani. Tulimbembeleza apokee kwanza, kisha akipenda aitoe sadaka kwa nia ya mama. Naye akafanya hivyo. Tunalieleza hili kwa sababu watu wengi hukimbilia mkufu na kuliacha daftari, hali ya kuwa daftari ndilo lililobeba shingo ya marehemu.

Baada ya deni ikaja haki ya warithi. Hapa tunawaomba wasomaji wetu watusikilize kwa makini, kwa kuwa ndipo familia nyingi zinapovunjikia. Kila kilichokuwa mali ya marehemu, kuanzia nyumba hadi sindano, kimekwisha kuwa mali ya warithi tangu roho ilipotoka. Kwetu sisi, wanaume watatu na wanawake wawili, mali iligawika mafungu 8: kila mwanamume mawili, kila mwanamke moja. Mtu asiseme, "Nimechukua kitu kidogo tu cha ukumbusho." Kidogo hicho nacho kina wenyewe watano.

Mtume (S.A.W.) mwenyewe ametuonyesha njia katika jambo hili, kwa kisa ambacho kila tukikisoma sauti hutupotea. Baada ya vita vya Badr, mwaka wa 2 Hijria, Makuraishi walituma fidia za kuwakomboa mateka wao. Miongoni mwa mateka alikuwa Abul-As, mume wa Bi Zaynab binti wa Mtume, naye wakati ule hakuwa amesilimu. Bi Zaynab alituma mali ya kumkomboa mumewe, na ndani ya mali hiyo alitia kidani ambacho mama yake, Bi Khadija (R.A.), alimpa siku alipoolewa. Bi Khadija alikuwa amekwisha kufa kabla ya Hijra, katika mwaka ambao wanahistoria wameuita Mwaka wa Huzuni. Mtume alipokiona kidani kile, moyo wake ulilainika sana.

Tutazame alilolifanya. Alikuwa kiongozi wa Waislamu, na lau angelinyoosha mkono akakichukua, hakuna ambaye angelimpinga. Lakini fidia ile ilikuwa haki ya Waislamu. Basi aliwaomba masahaba zake: wakiona vyema, wamwachie Zaynab mateka wake na wamrudishie kilicho chake. Wakaridhia, kidani kikarudi Makka. Machozi ya Mtume kwa mkewe yalikuwa ya kweli, na haki ya watu ilikuwa ya kweli, naye hakulifanya moja kuwa kisingizio cha kulikanyaga jingine.

Kwa mwanga huo tukaligawa kasha la mama. Mama alikuwa amesema katika maradhi yake kuwa kasha lenyewe angependa lichukuliwe na mdogo wetu aliyemuuguza. Kisheria, wasia kwa mrithi haupiti mpaka warithi wengine waridhie baada ya kifo. Hatukusema, "Hayo ni maneno ya mama, nani atayavunja?" Tulimuuliza kila mmoja kwa jina, hata aliye Muscat, na kila mmoja akatamka kuwa ameridhia. Mdogo wetu alilia zaidi kwa maneno yale manne ya ridhaa kuliko alivyolia kwa kasha.

Mkufu tulimpelekea sonara akaupima. Dada yetu mkubwa aliutaka, na thamani yake ilizidi fungu lake. Fiqhi imeruhusu warithi wapatane kwa sulhu, mmoja achukue kitu maalumu na wengine wafidiwe au wasamehe. Basi kila mtu aliijua kwanza haki yake kwa shilingi na senti, ndipo ndugu wengine wakasamehe ziada na mmoja, aliyekuwa na dhiki ya karo za watoto, akalipwa kidogo kidogo kwa miezi kadhaa. Hakuna aliyemnung'unikia yule aliyetaka kulipwa. Kusamehe ni ihsani, na ihsani haidaiwi. Lau miongoni mwa warithi wangelikuwamo mayatima wadogo, hata huo msamaha usingelipita kwa upande wao, kwa kuwa hakuna mwenye ruhusa ya kusamehe mali ya mtoto.

Doti ya kisutu tuliigawa vipande viwili. Wasomaji wetu wa kike wanajua kuwa doti haikatwi ovyo: ni leso mbili zilizofumwa pamoja, moja ya kujifunga na moja ya kujitanda. Dada zetu walikaa barazani, mkubwa akashika upande huu na mdogo upande ule, wakaikata katikati kwa mkasi wa mama mwenyewe. Kila mmoja ana leso moja hadi leo. Na tusisahau kitu kilichogombewa kuliko vyote, ijapokuwa sokoni hakina bei: mbuzi ya kukunia nazi, iliyokwisha kulika mahali alipokalia kwa miaka arobaini. Hiyo iliwekwa jikoni mwa nyumba ya familia, itumike na kila ajaye.

Tunajua nyumba moja, hatutaitaja, ambayo haikufanya hivi. Mama alipofariki, watoto walisema ni aibu kuhesabu vitu vya mzazi, wakafunga chumba kwa kufuli. Dhahabu ikakaa ndani mwaka baada ya mwaka. Katika kipindi hicho ndugu mmoja naye akafariki, akaacha mjane na watoto wadogo. Fungu lake katika dhahabu ile likawa mali ya mayatima, huku wenyewe wakikopa unga dukani. Mjane alipouliza, akaambiwa anataka kuuza kumbukumbu ya mama wa watu. Mambo yakafika kwa Kadhi, na siku chumba kilipofunguliwa, vitu viwili havikuonekana. Ndugu wale hadi leo hawaalikani harusini. Walidhani wanaihifadhi heshima ya mama yao. Lakini mtoto wa mtoto wake alilala na njaa mlango wa pili.

Kuna suala la zaka pia, ambalo husahauliwa. Katika madhehebu yetu ya Shafii, dhahabu ambayo mwanamke huivaa kwa kiasi cha ada haimpasi zaka. Lakini ikifungiwa sandukuni kwa kuwekwa tu, bila ya nia ya kuvaliwa, na ikafikia nisabu, yaani takriban gramu 85, na mwaka ukapita juu yake, basi zaka imewajibika, nayo ni robo ya ushuri, asilimia 2.5. Kuiita "ukumbusho" hakuiondolei haki ya maskini. Afadhali bangili ya marehemu ivaliwe na bintiye katika Idi kuliko ioze gizani.

Ndugu yetu wa Muscat alikuwa na mirathi ya aina nyingine. Yeye hakutaka chombo chochote. Alisema, "Mimi nina sauti." Kwa miaka sita mama alikuwa akimtumia ujumbe wa sauti kwa simu karibu kila asubuhi: kumuamkia, kumuuliza amekula nini, kumuombea dua, kumgombeza kwa kutokupiga. Hakuufuta hata mmoja. Alituuliza iwapo ni halali kuusikiliza, maana rafiki yake mmoja alimuambia anajitonesha kidonda na kupinga kadari.

Tulimkumbusha kisa cha Bi Hala binti Khuwaylid, dada wa Bi Khadija. Siku moja, Bi Khadija akiwa amekwisha kufariki kwa miaka, Bi Hala alibisha hodi Madina. Sauti yake na namna yake ya kuomba ruhusa vilifanana na vya dada yake. Mtume (S.A.W.) akashtuka kwa kumbukumbu, akafurahi kwa kuja kwake, hata Bi Aisha (R.A.) akaona wivu. Kwa hiyo moyo kutikisika kwa sauti ya mpenzi aliyeondoka ni Sunna ya nyoyo njema. Tulimwambia ndugu yetu asikilize, na kila dua aliyoisikia kwa mama airudishe kwa mama. Asikilize kiasi cha kumpa nguvu, na akiona siku hiyo sauti inamkatisha na kazi na sala, aiweke simu kando atawadhe.

Ila tulimuwekea sharti moja, nalo twawawekea wasomaji wote. Ujumbe wa marehemu ni amana. Humo mama ametaja magomvi ya majirani, posa zilizovunjika, maradhi ya watu. Usiwasambazie jamaa katika makundi ya simu kwa kuwa tu sauti ni tamu. Picha nazo ni vivyo hivyo. Maulamaa wamehitilafiana kuhusu picha za simu, na sisi hatutalifungua suala hilo leo. Lakini hawakuhitilafiana kuwa mwanamke aliyejisitiri uhai wake wote ana haki ya kusitiriwa akiwa amekufa. Picha ya mama akiwa kichwa wazi harusini, ikapelekwa kwa wasio maharimu wake kwa jina la kumkumbuka, ni kumvunjia pazia ambalo hawezi tena kulivuta.

Mipaka mingine ni mitatu. Kwanza, kitu cha marehemu kisiombwe baraka, kinga wala tiba. Masahaba walihifadhi vitu vya Mtume (S.A.W.), juba lake lilikuwa kwa Bi Aisha hadi alipokufa, kisha likawa kwa dada yake, Bi Asmaa (R.A.). Lakini baraka hiyo ni ya Mtume, wala haihamishiwi kwa mizee yetu hata wakiwa wema namna gani. Pili, mjane aliye katika eda anaweza kuiweka shati ya mumewe na kuilalia, ila asiifukize udi wala kuitia atari akajinukisha nayo, kwa kuwa manukato amekatazwa mpaka eda iishe. Tatu, kumbukumbu isiwazibie walio hai njia. Kama kuna kijana anataka kuoa na chumba ni kile kimoja cha marehemu, chumba kifunguliwe, kipakwe chokaa, na bibi harusi aingizwe kwa bismillahi.

Mdogo wetu alikuwa haifui leso ile ya mama aliyokuwa akijitanda nayo kitandani katika maradhi. Kila usiku aliinusa kabla ya kulala. Baada ya miezi saba hivi, alitupigia simu alfajiri. Alisema, "Kaka, harufu imekwisha." Hakusema zaidi. Hatukumsomea kitabu. Tulikwenda, tukakaa naye uani, tukanywa chai ya tangawizi bila ya kusemezana sana. Nabii Yaaqub alinusa harufu ya mtoto aliye hai, akajua watakutana karibu. Sisi tunanusa harufu za waliokufa, na ahadi ya kukutana kwetu iko mbali kidogo. Ila ni ahadi ya Yule Yule. Siku ile mdogo wetu aliifua leso, akaianika juani, na Ijumaa akajitanda nayo kwenda kwenye darsa. Tangu hapo huivaa. Imeanza kuchujuka, naye hahuzuniki tena kwa hilo.

Na sasa tuwaeleze ukumbusho uliotufaa kuliko vyote, ambao haukuwamo ndani ya kasha. Mtume (S.A.W.) alikuwa akichinja mbuzi, akagawa nyama na kuwapelekea marafiki wa Bi Khadija. Abdullahi bin Umar (R.A.) naye, akiwa njiani kwenda Makka, alikutana na bedui mmoja. Akampa punda aliyekuwa akimpanda na kilemba alichokuwa amekivaa. Wenzake walipostaajabu, alieleza kuwa baba wa bedui yule alikuwa rafiki wa baba yake, Sayyidna Umar, na kwamba alimsikia Mtume akisema kuwa katika wema mkubwa kwa mzazi ni kuwaunga waliokuwa wapenzi wake.

Mama yetu alikuwa na shoga yake wa tangu utotoni, mtaa wa Kuze. Kila Alhamisi mmoja wetu humpelekea bakuli: mara mkate wa sinia, mara wali wa nazi na samaki wa kupaka. Nazi hukunwa kwa mbuzi ile ile. Bi huyo ametueleza mambo ya mama ambayo hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa akiyajua: kwamba alikuwa mwepesi wa kuogelea, kwamba alimficha nyumbani kwake kwa siku tatu msichana aliyekuwa akipigwa, kwamba alipojifungua mtoto wake wa pili na yule mtoto akafa, alikaa mwaka mzima haimbi. Hatukujua kuwa tulikuwa na ndugu huyo. Tuligundua tuna mtu wa kumtarajia atushike mkono katika mlango wa Pepo, inshaallah.

Sasa Bi huyo amezeeka, na akili yake inakuja na kwenda. Wiki chache zilizopita mdogo wetu aliingia kwake akiwa amejitanda leso ya mama. Bi alimtazama, akamwita kwa jina la mama, akamuuliza mbona amechelewa. Mdogo wetu hakumsahihisha. Alimbusu mkono, akamuomba radhi kwa kuchelewa, akampakulia.

Wasomaji wetu, aliye na kanzu, leso, barua au sauti ya mpenzi wake aliyeondoka, asione haya kuiweka. Ailipe kwanza haki iliyo juu yake, asiizuie mali ya wengine, asiivunje sitara ya mwenyewe, kisha ailie kwa kiasi chake. Na kila akiitazama aitoe duani, kwa kuwa mtoto mwema anayemuombea mzazi ni miongoni mwa mambo matatu ambayo amali ya mtu haikatiki kwayo baada ya kufa, pamoja na sadaka yenye kuendelea na elimu yenye kunufaisha. Wiki hii, kabla ya Ijumaa, mtafuteni mtu mmoja aliyekuwa akipendwa na marehemu wenu, mumpelekee chochote mlicho nacho, mkakae naye kitako.

Twamuomba Mola awarehemu mama zetu na baba zetu, watoto wetu waliotangulia na ndugu zetu walio mchangani, ayanawirishe makaburi yao, awape subira waliofiwa, na atukutanishe nao akiwa radhi nasi. Amin.